Nani Alichora Mkono wa Maria

Batoto yangu, ninyi mnaochora vibao vya maduka kule bulevari ya Bunia, na ninyi wengine mliotupa penso, hizi brashi za rangi, mkashika mashine za kuchapa banderoli za plastiki, maneno yenu yamenifikia. Mmoja wenu alisimama hapa mlangoni kwangu, mtaa wa Saio, hata piki yake hakuizima, akaniuliza: papa Anselme, mtu akiona tablo, anajuaje kama imechorwa na mwalimu ao na mwanafunzi wake? Aliuliza kama anauliza bei ya sabuni. Nilimwambia zima piki, ingia, kaa. Akasema ana kliyenti anamngoja. Basi jibu lake ni hili hapa, atalisoma akipata muda, na ole wake akilisoma mbio.

Mjue tu kwamba anayewajibu amechanganyikiwa. Nimeshika penso tangu ujana mpaka macho yalipoanza kunikatalia. Nimechora makanisa, mabaa, dispensari, magari ya mizigo yanayokwenda Aru, hata jeneza moja kule Mongbwalu ambalo familia ilitaka liwe na maua pande zote. Ningepaswa kujua. Na hivi karibuni niliulizwa swali lilelile mbele ya mtu aliyekuwa anangojea jibu kwa roho yake yote, na tangu siku ile sijatulia.

Mwalimu wangu alikuwa Padri Endriki, Mholanzi mrefu mwenye ndevu nyekundu. Alikuja Ituri kufundisha katekisimu, akaishia kufundisha rangi. Nyuma ya nyumba ya mapadri kulikuwa na hangari lililokuwa la kahawa zamani. Hilo ndilo lilikuwa atelie yetu, mahali pa kuchorea. Watoto wengi walikuja, wakaona rangi inaharibu shati, wakaenda zao. Tuliobaki ni siye wawili: miye, mtoto wa wafanyabiashara waliotoka Butembo, na Floribert, mtoto wa wakulima wa Djugu. Floribert alikuwa mpole, anaongea kidogo, na akicheka anaficha mdomo kwa penso, kwa hiyo kila siku alirudi kwao na rangi puani.

Sasa sikilizeni ujinga wetu. Padri alifanya kila kitu kwa mkono wa kushoto. Shuleni, ukishika kalamu kwa kushoto unachapwa vidole, hiyo tuliijua vizuri. Lakini hapa tulimwona padri mwenyewe, mtu wa Mungu, anashika penso kwa kushoto. Siye tukahitimisha: basi, kalamu ni ya kulia na penso ni ya kushoto. Hatukuuliza mtu. Tulijitesa miezi na miezi mpaka mkono wa kushoto ukatii. Padri naye, alipotuona, alidhani Mungu amemletea watoto wawili wa namna yake. Siku alipomkuta Floribert anaandika jina lake kwa mkono wa kulia, alicheka mpaka akakaa chini, akatuambia tungeweza kuchora kwa mkono wowote. Tulikuwa tumekwisha kuharibika. Mpaka leo nakula kwa kulia na nachora kwa kushoto. Mama yangu hakuwahi kunisamehe. Alisema, unamchora Mama wa Mungu kwa mkono unaokwenda nao chooni?

Na si hilo tu. Padri hakujua kuchora miguu ya watu. Nyuso, ndiyo; nguo, ajabu; lakini vidole vya miguu vilimshinda kabisa, kwa hiyo watakatifu wake wote walisimama kwenye majani marefu. Siye tulidhani ni heshima. Tulidhani mguu wa mtakatifu hauonyeshwi. Kazi yangu ya kwanza ya kujitegemea ilikuwa kibao cha kinyozi hapa Saio: kijana mtanashati, nywele zimekatwa vizuri, amesimama ndani ya saluni, na majani yamemfika magotini. Kinyozi alizunguka kile kibao, akazunguka tena, akaniuliza kama mteja wake amekuja kukata nywele ao kuchunga mbuzi. Sikuelewa kosa langu liko wapi. Kwa kweli nilimwona yeye ndiye hana adabu.

Ninawaambia haya ili mwelewe jambo moja la kazi: mwanafunzi haigi uzuri wa mwalimu peke yake. Uzuri ni mgumu, unachukua miaka. Makosa unayapata wiki ya kwanza.

Mengine niliyojifunza pale yangali yanafaa, hata kwa ninyi wa mashine. Ngozi ya mtu wetu usiitie rangi nyeusi, itakufa. Chukua udongo mwekundu wa hapa hapa Bunia, uuchekeche kwa kipande cha chandarua, uchanganye na mafuta, halafu tia bluu kidogo sana penye kivuli. Penso ioshe wewe mwenyewe, usimpe mtu. Kitambaa cha kuchorea tulishona kutoka mifuko ya farini, unga wa ngano, tukakipaka uji wa muhogo na chokaa ili kikaze. Huo uji ulikuwa mzuri, ila panya waliupenda kuliko siye. Waliwahi kuila Karamu ya Mwisho yote upande mmoja. Walianzia kwa Yuda, na padri akasema angalau wanajua katekisimu.

Padri alikuwa na kitabu kikubwa cha picha za wachoraji wa kwao wa zamani. Alituonyesha kazi za mmoja wao, fundi mkubwa sana, aliyekuwa na atelie imejaa wanafunzi. Wanafunzi walichora kama yeye, yeye akapitisha penso juu ya kazi zao, jina likawekwa moja, na zikauzwa. Padri alisema mpaka leo wataalam wanagombana huko kwao. Mwaka huu picha ni ya fundi, watu wanasimama mbele yake wamevua kofia; mwaka ule wanasema hapana, ni ya mwanafunzi, na inahamishwa karibu na mlango. Picha ni ileile, haijabadilika hata nukta. Floribert aliuliza sasa huyo mwanafunzi jina lake nani. Padri alifikiri, akasema mara nyingi hawajui. Siku ile Floribert aliosha penso zake mapema akaenda.

Atelie yetu ilikuwa vilevile. Kila tablo iliyotoka ilipigwa alama ya samaki mdogo kwenye kona ya chini. Samaki alichorwa na yeyote aliyekuwa karibu, rangi ikiwa bado mbichi. Hatukuona ubaya. Padri alianza tablo, siye tukaendelea. Ao siye tukaanza, yeye akamaliza uso. Miaka ya mwisho mkono wake ulianza kutetemeka, na nyuso zikatuangukia siye. Halafu aliugua, akarudishwa kwao, akafia huko. Floribert akarudi Djugu kulima na kuchora makanisa madogo ya vijijini. Miye nikabaki mjini na vibao vyangu.

Hapo katikati pana vita, na sitaki kuisimulia, mnaijua. Floribert alifariki njiani, yeye na watu wake wakikimbia. Nilipata habari baadaye sana, kwa mtu aliyefikiri ninajua tayari. Niliumia sana, na sikuwa na kaburi la kwenda.

Sasa tufike kwa huyu Madame Ana. Ni Mholanzi, mama wa makamo, miwani yake inaning'inia shingoni kwa kamba, anatoka mji uleule aliozaliwa Padri Endriki. Watu wa huko wanataka kukusanya kazi za mtoto wao na kuzitengeneza kabla hazijaoza. Wakubwa wa kanisa hapa walikubaliana naye hivi: tablo ambayo padri aliichora kwa mkono wake itasafiri, itatibiwa, na itabaki huko, maana hapa makanisa yanachomwa na mvua haina huruma. Tablo ya wanafunzi itabaki pale ilipo. Wakamwambia mwanafunzi mmoja yuko hai, anakaa Saio, anaitwa Anselme. Basi akaja.

Msimcheke, yule mama anajua kazi. Alitazama tablo ya kwanza aliyokuja nayo, mgongo kabla ya uso, akanusa kitambaa, akasema muhogo. Nilimpenda hapo hapo. Akanieleza kwa Kifaransa kwamba kazi itakuwa rahisi: padri alikuwa wa mkono wa kushoto, na mtu wa kushoto anavuta rangi kwa kuilaza upande wake, inaonekana hata kwa macho matupu. Nikamwambia habari ya kalamu na penso. Akasema basi tutaangalia miguu, padri alikuwa anaificha. Nikamwambia habari ya kinyozi. Alikaa kwenye kiti, akaomba maji, halafu akaanza kucheka, na miye nikacheka, tukacheka mpaka mke wangu akaja kuona kuna nini.

Hata hivyo tulizichambua, moja moja. Za zamani kabisa, kabla siye hatujafika, hazikuwa na ugomvi. Za mwisho, wakati mkono wa padri unatetemeka, hizo nazo nilizijua kuwa ni zetu siye. Ilibaki moja tu, na hiyo haikuwa mjini. Ilikuwa kwenye kambi ya waliokimbia vita, pembeni ya Bunia, ndani ya kanisa la mabashi, yale maturubai ya msaada.

Ni tablo ya Maria anapomtembelea Elisabeti. Wanawake wawili wenye mimba wanakutana mlangoni, mmoja kijana, mwingine mtu mzima, na nyuma yao vilima vya Djugu, si vya Yudea. Ilikuwa kwenye kanisa dogo la kijijini kwa kina Floribert. Siku kijiji kilipochomwa, katekista aliikata kwenye fremu kwa kisu cha jikoni, akaizungusha kwenye mkeka, akakimbia nayo. Anayeitunza sasa ni binti wa Floribert, Jeannine. Ni mama mwenye watoto wake, ndiye anayeanzisha nyimbo kwenye kanisa lile. Kila baada ya sala anaishusha tablo na kwenda kuilaza penye kitanda chake, kwa sababu lile bashi linavuja.

Nilikuwa sijawahi kumwona akiwa mtu mzima. Ana paji la uso la baba yake hasa. Alinishika mkono kwa mikono yake miwili, akanipa kiti, yeye akabaki amesimama.

"Papa Anselme," akasema, "weye ulikuwa na papa yangu mu atelie. Ambia huyu madame. Ile ni kazi ya papa. Nyumba yetu iliungua na kila kitu, hata foto moja ya papa siye hapana nayo. Ni ile tu."

Nilimwambia nitaangalia. Nilisema hivyo kwa sauti ya fundi, lakini moyoni nilikuwa nimeshaona shida. Kwa sababu tablo ile niliijua vizuri mno. Maisha yangu yote, mtu akiniuliza kazi gani nzuri umewahi kufanya, sikuwa nafikiria vibao, wala yale maua ya Mongbwalu. Nilikuwa nafikiria mkono wa Maria kwenye tablo ile. Maria ananyoosha mkono wa kulia kwa Elisabeti, na kwa mkono wa kushoto anaushikilia huo wa kulia chini ya kiwiko, kama msichana yeyote aliyelelewa vizuri hapa kwetu anavyosalimia mkubwa. Vidole vimelegea kidogo, kwa aibu. Kila mtu anaupenda ule mkono. Na miye nilijua ni wangu.

Madame Ana alikuwa na mashine ndogo inayoona chini ya rangi. Aliipitisha juu ya tablo polepole, watoto wa kambi wakijazana mlangoni. Ikaonekana: chini ya mkono ule kuna mwingine, umechorwa kwa makaa. Kwanza, Maria alikuwa ananyoosha mkono wa kushoto, ule mwingine ukining'inia tu. Halafu mtu akafunika, akachora upya. Madame Ana alifurahi na kuhuzunika kwa wakati mmoja. Alisema mwanafunzi anakopi, habadilishi. Anayebadilisha ni yule ambaye wazo ni lake. Basi tablo ni ya padri, na itabidi isafiri.

Nilimtafsiria Jeannine. Nilitafsiri kwa uzito sana, nikitafuta maneno yasiyouma, na hayakuwepo. Jeannine hakulia. Aliuliza tu kama kule watairuhusu kukaa na watu wanaosali, ao itafungiwa.

Ndipo nikakumbuka, ao nilidhani nimekumbuka. Nikamwambia Madame Ana angoje. Ule mkono wa makaa, ndiyo, ni wa padri. Mtu wa kushoto anamchora Maria anasalimia kwa kushoto na haoni lolote. Mtoto wa hapa asingeweza, hata usingizini, kumchora msichana anampa shangazi yake mkono wa kushoto. Na niliikumbuka siku yenyewe. Mama aliyekuwa anawapikia mapadri aliingia atelie na chai, akaona mchoro, akaweka sinia chini, akauliza huyu Maria mama yake ni nani, maana hakumfundisha. Padri alicheka mpaka akakohoa. Akatuambia siye wawili tuurekebishe, halafu akaondoka kwenda kutembelea wakristo wa Mongbwalu. Aliporudi, mkono ulikuwa umekwisha kuchorwa. Padri alikuwa hajaugusa.

Nilikuwa nafungua mdomo niseme, ni miye. Jeannine akanitangulia. Hakuwa anafuata Kifaransa chetu, alikuwa anaongea na tablo.

"Papa alikuwa anatuambia," akasema. "Mama mupishi aliingia na chai, akauliza huyu Maria mama yake ni nani. Padri akacheka, akaenda Mongbwalu. Papa akarekebisha. Alisema alitia mafuta mingi, hapana kauka mbio, akaogopa padri atarudi iko bado mbichi. Alitumia mukono ya dada yake, shangazi yetu. Alimusimamisha pale, akamwambia asalimie ukuta."

Batoto yangu, hapo ndipo nilipopotea. Maana hayo mafuta mengi niliyakumbuka. Hofu ya padri kurudi rangi ikiwa mbichi niliikumbuka. Na msichana anayesimama anausalimia ukuta nilimkumbuka pia, ila kwangu miye alikuwa msichana tu, sikuwa nimewahi kujiuliza ni dada ya nani. Yule mtoto wa mwenzangu alikuwa ananisimulia kumbukumbu yangu, na ndani yake aliyeshika penso hakuwa miye.

Nilimweleza Madame Ana yote mawili, langu na la Floribert. Alisikiliza vizuri. Akasema anatuamini, lakini watu wake watamjibu kwamba padri alikaa hapa miaka mingi, alijua watu wanavyosalimiana, na baada ya kuchekwa na mpishi angeweza kujirekebisha mwenyewe. Akisema tu kwamba ni mwanafunzi fulani, hawatakubali. Anahitaji jina, na shahidi aliye hai wa kulisimamia. Jina likipatikana, tablo inabaki. Lisipopatikana, inakwenda.

Kwanza akaomba tujaribu. Akanipa karatasi na kalamu ya risasi, akanisihi niuchore mkono uleule, haraka, bila kuitazama tablo. Nilichora kwa kushoto. Kambi nzima ilikuwa mgongoni mwangu. Tukaweka karatasi karibu na tablo, tukainama. Mkono wangu wa siku hizi unatetemeka, mistari imevunjika vunjika, na haikufanana na Maria hata kidogo. Madame Ana alitoa kwenye begi lake mchoro mmoja wa Padri Endriki wa uzeeni, akauweka upande wa pili. Huo ndio uliofanana na karatasi yangu, kama imetoka kwa mtu mmoja. Tukatazamana. Sikujua nicheke ao nikasirike. Nilikuwa nimeitwa kutofautisha mwalimu na mwanafunzi, na sasa mwanafunzi amezeeka akawa mwalimu, na aliyechora ule mkono mzuri wa ujana hakuwa mmoja wetu tuliopo kwenye karatasi.

Niliisogelea tablo. Nilitafuta alama yangu. Huwa navuta kidole gumba kirefu kidogo. Kilikuwa kirefu kidogo. Floribert alikuwa anaweka kivuli cha bluu chini ya kucha, kilikuwepo. Lakini hiyo bluu alinifundisha yeye, na kidole gumba nilimfundisha miye. Tulikuwa tunakaa bega kwa bega mchana kutwa, tunakula kwenye sahani moja, tunapakana rangi. Nilisimama pale mpaka macho yakaanza kutoa machozi, na sikupata mahali pa kushika.

Nikafikiri. Nikisema ni miye, tablo inabaki hapa kambini, na Jeannine atakuwa analaza kitandani kwake kazi ya mtu mwingine. Nikisema sijui, ambayo ndiyo kweli yenyewe, inapanda ndege. Nikisema ni Floribert, miye nakwenda nyumbani bila kitu nilichokuwa nacho tangu ujana. Niliona uchungu, sitawaficha. Mtu mzee unabaki na vitu vichache vya kujisifia. Vibao vyangu vyote vya Bunia vimeng'olewa, mmeweka banderoli zenu.

Jeannine aliuliza polepole, "Papa, ni weye ao ni papa?"

Nikamgeukia Madame Ana, nikasema: andika Floribert. Andika jina lote, na kijiji.

Aliniuliza kama nina hakika. Nikamwambia, madame, miye sina hakika ya kitu chochote tena, hata mkono huu ninaokuonyeshea. Wewe andika, miye nitaweka sahihi. Alinitazama juu ya miwani, na nadhani alielewa vizuri kuliko nilivyoelewa mwenyewe. Akaandika. Akaongeza kwa mkono wake kwamba mchoro wa chini ni wa padri. Jeannine aliposikia jina la baba yake linasomwa kwa sauti ya mzungu, na jina la kijiji ambacho hakipo tena, ndipo alipolia. Alilia akiwa amesimama, hajafunika uso. Halafu akainua tablo, akaipeleka mahali pake.

Basi kijana wa piki, hilo ndilo jibu lako. Tazama mgongo wa tablo, tazama vidole, tazama kona ambapo mchoraji alichoka. Tazama penye kubadilishwa. Vyote vitakusaidia, na vyote vinaweza kukudanganya, kwa sababu watu wanaokaa pamoja wanaambukizana mikono. Mkichora wawili, andikeni majina mawili, rangi ikiwa bado mbichi, msiseme mtakumbuka. Siye tulisema tutakumbuka.

Ninapita kambini mara kwa mara, kumsalimia Jeannine. Nakaa kwenye benchi la mbele, natazama ule mkono. Namwona Floribert ameinama juu ya kitambaa, rangi puani, dada yake anausalimia ukuta, na miye nimesimama pembeni na kitambaa cha kufutia, namwambia apunguze mafuta. Naona yote wazi kabisa. Hata hicho cha kufutia kilikuwa cha bluu. Lakini zamani sikuwa naona hivyo, zamani miye ndiye niliyekuwa nimeinama. Sasa nashindwa kujua kama hatimaye nimekumbuka, ao kama hii nayo nimeichora mwenyewe.